Umeongezewa, Mbona Umepungukiwa?

Mazungumzo ya juma hili, kama yalivyosomwa redioni

Juma hili naomba ruhusa yenu niziweke kando habari za bei na za barabara, nizungumze juu ya hesabu ya shule ya msingi. Tafadhali msizime redio. Najua wapo miongoni mwetu ambao wakisikia neno hesabu hukumbuka fimbo, jasho na ubao mweusi, nami siwalaumu. Lakini hesabu ninayotaka kuieleza leo iliwahi kuamua kama nyumbani kwetu tutakula au hatutakula, na kama mimi nitakwenda shule au nitabaki kuchunga ng'ombe. Ni hesabu ya kujumlisha sehemu zenye asili tofauti: nusu na theluthi, theluthi na robo, na nyingine za namna hiyo.

Aliyenikumbusha mambo haya ni mjukuu wangu, ambaye yuko darasa la tano. Jioni moja alirudi kutoka shule, akanipa shikamoo ya haraka haraka, akalitupa daftari mezani. Nikajua lipo jambo. Nikalifungua. Maswali kumi, makosa kumi. Swali la kwanza lilikuwa 1/2 + 1/3. Naye alikuwa ameandika jibu 2/5. Mwalimu amepiga alama ya kosa kwa wino mwekundu, na pembeni ameandika maneno mawili tu: Tafuta KDS.

Nikamwuliza, "Mjukuu wangu, jibu hili umelipataje?"

Akanijibu bila kusita, "Babu, nimejumlisha. Juu, moja na moja ni mbili. Chini, mbili na tatu ni tano. Kwani kujumlisha ni nini?"

Nikamwambia kwamba sehemu hazijumlishwi hivyo. Akauliza kwa nini. Nikasema ndiyo kanuni. Hapo akanitolea hoja ambayo ilininyima usingizi usiku ule. Alisema, "Babu, Jumamosi timu yetu ilipiga penalti mbili, ikafunga moja. Jumapili ikapiga tatu, ikafunga moja. Kwa siku zote mbili imefunga mbili kati ya tano. Je, huo nao ni uongo?"

Ndugu wasikilizaji, huo haukuwa uongo. Timu iliyofunga moja kati ya mbili, kisha moja kati ya tatu, kwa jumla imefunga mbili kati ya tano, na mtu yeyote awezaye kuhesabu vidole atakubali. Sasa ikiwa maneno ya mtoto ni kweli uwanjani, kwa nini ni kosa darasani? Nilikaa kimya. Na kimya changu kilikuwa cha aibu, kwa kuwa mimi mwenyewe nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na hesabu ndilo lililokuwa somo langu.

Hapana budi niungame. Kwa miaka mingi nilifundisha jambo hili kama mtu anayefundisha kasuku. Nilikuwa naandika ubaoni: tafuta Kigawe Kidogo cha Shirika, gawa kwa asili, zidisha kwa kiasi, jumlisha, rahisisha. Watoto waliimba, nami nikaridhika. Mwaka mmoja kijana mdogo wa dawati la nyuma alinyanyua mkono akauliza, "Mwalimu, kwa nini tusijumlishe za chini?" Nilimwambia akae chini na asipoteze wakati wa wenzake. Alikaa. Na tangu siku hiyo hakuuliza tena, si swali hilo wala jingine lolote. Wakati ule nilidhani nimemtuliza. Leo najua kwamba nilimzima.

Usiku huo wa mjukuu wangu, nikiwa kitandani, nilimkumbuka marehemu mama yangu. Mama hakusoma. Jina lake hakuweza kuliandika. Lakini ndiye aliyenionyesha jibu la swali hili kabla sijaijua shule, nami nikalisahau nilipofika shuleni.

Ilikuwa mwaka 1964, huko nyumbani, upande wa Nzega. Baba alikuwa ameshafariki, akamwachia mama shamba zuri la mahindi na jozi ya ng'ombe wa kulimia pamoja na plau. Mama hakuwa na nguvu za kulima peke yake. Akaja jirani mmoja, mtu mwungwana, wakapatana hivi: jirani atalima, atapanda, atapalilia na kuvuna. Mama atapata theluthi moja ya mavuno kwa ajili ya shamba, na robo moja ya mavuno kwa ajili ya ng'ombe na plau. Kitakachobaki ni cha jirani. Wazee walishuhudia, na mvua ikanyesha vizuri.

Mavuno yalipopukuchuliwa yakafika gunia 14, na kwa kuwa gunia moja ni debe 6, basi jumla ilikuwa debe 84. Ikaja siku ya kugawana. Wakamwita karani mmoja aliyesoma, mtu aliyeheshimiwa sana pale kijijini kwa sababu ya kalamu yake. Karani akatoa karatasi, akaandika theluthi moja, akaandika robo moja, akapiga hesabu mbele ya watu. Juu, moja na moja ni mbili. Chini, tatu na nne ni saba. "Basi," akasema, "mama atapata mafungu mawili katika saba. Debe 84 ukigawa kwa saba unapata 12. Mafungu mawili ni debe 24."

Watu wakatikisa vichwa kukubali. Nani angebishana na kalamu?

Mama alikuwa amekaa chini, kanga imefungwa kifuani. Akasema kwa upole, "Bwana karani, naomba kuuliza. Kama ningempa jirani shamba tu, ng'ombe wakabaki zizini, ningepata debe ngapi?"

Karani akapiga hesabu. "Theluthi ya 84, mama. Debe 28."

"Sasa nimetoa shamba, na nimetoa ng'ombe, na nimetoa plau, nawe unanipa debe 24. Je, ng'ombe wangu ndio waliokula zile debe nne?"

Ndugu wasikilizaji, pakawa kimya. Karani aliitazama karatasi yake, akaipindua, akaitazama tena. Hakuwa mwizi. Nasema hivyo kwa haki yake. Alikuwa amefundishwa kusoma na kuandika, wala hakuna aliyemweleza maana ya namba zile za chini.

Mama akainuka. Akaomba debe, akaomba mikeka itandazwe. Akasema, "Tugawe mafungu kumi na mawili, yawe sawa sawa." Wakapima. Kila fungu likawa debe 7. Kisha akasema, "Theluthi ya mafungu kumi na mawili ni mafungu manne. Haya ni ya shamba. Robo ya mafungu kumi na mawili ni mafungu matatu. Haya ni ya ng'ombe. Manne na matatu ni saba. Matano yanayobaki ni yako, jirani yangu, na Mungu akubariki kwa jasho lako."

Mafungu 7 kwa debe 7 ni debe 49. Mafungu 5 kwa debe 7 ni debe 35. Ukizijumlisha unapata 84, wala hapakubaki punje ya kugombewa. Jirani mwenyewe alisema imekuwa haki. Kati ya hesabu ya karani na hesabu ya mama ilikuwa tofauti ya debe 25, yaani gunia nne na debe moja juu. Enzi zile shule ililipiwa ada, na gunia hizo ndizo zilizonipeleka mimi darasa la kwanza. Laiti mama angeiogopa ile karatasi, leo msingenisikia hapa.

Nilipokuwa mkubwa nilimwuliza, "Mama, ulijuaje kwamba ni kumi na mawili?" Akacheka. Alikuwa akiuza maandazi gulioni, na maandazi aliyahesabu kwa dazani. Akaniambia, "Dazani haina ugomvi. Akija anayetaka nusu, ni sita. Akija wa theluthi, ni manne. Akija wa robo, ni matatu. Hakuna andazi la kukatwa." Basi siku ile ya mavuno alitafuta idadi ambayo mwenye theluthi ataridhika na mwenye robo naye ataridhika. Hiyo, ndugu zangu, ndiyo KDS. Mama aliijua kabla hajalisikia jina lake.

Sasa tutazame maneno yenyewe, maana Kiswahili kimetupa msaada mkubwa ambao sisi walimu mara nyingi hatuutumii. Katika sehemu kama 2/3, namba ya juu tunaiita kiasi, na ya chini tunaiita asili. Kiasi kinajibu swali: ni vingapi? Asili inajibu swali: ni vya namna gani, vimetoka wapi? Ukisema theluthi mbili, umesema una vipande viwili, na vipande hivyo asili yake ni kitu kizima kilichokatwa mara tatu zilizo sawa. Asili si idadi ya vitu ulivyo navyo. Ni jina la aina ya vipande. Na majina hayajumlishwi.

Mtu mwenye mbuzi 3 na kondoo 2 hawezi kusema ana mbuzi watano, wala kondoo watano. Akitaka kuwajumlisha, lazima kwanza atafute jina linalowafaa wote, aseme ana mifugo mitano. Mwenye shilingi na dola hawezi kuzijumlisha mpaka abadilishe za aina moja ziwe za aina nyingine. Kadhalika nusu na theluthi. Huwezi kusema una vipande viwili ukanyamaza, kwa sababu kimoja ni kikubwa na kingine ni kidogo. Lazima uvikate vyote viwe vya aina moja, ndipo uhesabu.

Chukua chapati mbili zilizo sawa. Ya kwanza ikate nusu mbili. Ya pili ikate theluthi tatu. Beba nusu moja na theluthi moja. Sasa ile nusu ikate vipande vitatu, na ile theluthi ikate vipande viwili. Tazama vizuri: vipande vyote vimekuwa sawa, kila kimoja ni sehemu ya sita ya chapati. Kutoka kwenye nusu una vitatu, kutoka kwenye theluthi una viwili. Jumla ni vitano, navyo asili yake ni sita. Basi 1/2 + 1/3 = 3/6 + 2/6 = 5/6. Je, ulipokata nusu ikawa vipande vitatu, chapati iliongezeka? Haikuongezeka. Ilipungua? Haikupungua. Kukata si kula. Ndiyo sababu tunaruhusiwa kuzidisha juu na chini kwa namba ile ile: idadi ya vipande imeongezeka, lakini kila kipande kimekuwa kidogo kwa kadiri hiyo hiyo.

Yupo mtoto mwingine ambaye hukosea kwa njia tofauti. Huyu amesikia habari za KDS, akaipata 6, akaandika 1/2 + 1/3 = 2/6. Amebadili asili lakini ameviacha viasi vilivyokuwa juu. Ni kama mtu aliyekwenda kubadilisha fedha na dola moja, akarudi na shilingi moja, akasema mambo ni yale yale. Ukibadili jina la vipande, badili na idadi yake.

Na kuna neno la tatu, zuri kuliko yote: shirika. Kigawe Kidogo cha Shirika. Sisi watu wa nchi hii tunajua maana ya shirika na ushirika. Asili mbili zinakutana, kila moja inaleta vigawe vyake, na zinatafuta kile ambacho zote mbili zinakimiliki. Tatu ina 3, 6, 9, 12 na kuendelea. Nne ina 4, 8, 12 na kuendelea. Mahali pa kwanza zinapokutana ni 12. Hapo ndipo wanashirika wanapoweza kugawana bila manung'uniko.

Niongeze jambo moja ambalo walimu wengi hatulisemi. Si lazima kigawe hicho kiwe kidogo kuliko vyote ndipo jibu liwe sahihi. Chukua 1/4 + 1/6. Mtoto akizidisha 4 kwa 6 akapata 24, ataandika 6/24 + 4/24 = 10/24, na akirahisisha atapata 5/12. Mwenzake aliyetumia 12 ataandika 3/12 + 2/12 = 5/12. Wote wawili wamefika. Wa pili amepita njia fupi, basi. Tunapompiga mtoto alama ya kosa kwa sababu tu amepita njia ndefu, tunamfundisha kwamba hesabu ni amri, kumbe hesabu ni ukweli, na ukweli una milango mingi.

Sasa turudi kwenye penalti za mjukuu wangu, maana sijamjibu bado. Usiku ule nilipoikumbuka mikeka ya mama, jibu likanijia. Asubuhi nikamwita. Nikamwambia, "Mjukuu wangu, hesabu yako ya penalti ni sahihi, lakini ni jibu la swali jingine. Jumamosi kulikuwa na penalti mbili, hizo ni kitu kizima cha kwanza. Jumapili kulikuwa na penalti tatu, hizo ni kitu kizima cha pili. Wewe umeziweka pamoja zikawa tano, ukauliza ngapi zimeingia. Lakini tunaposema nusu ongeza theluthi, kitu kizima ni kimoja tu: chapati ile ile, saa ile ile, shamba lile lile. Penalti zako zimepata kizima kipya cha tano. Chapati haikupata kizima kipya."

Akafikiri. Nikamwuliza, "Ukisoma nusu saa, halafu ukasoma tena theluthi ya saa, umesoma dakika ngapi?"

"Nusu saa ni dakika 30," akasema. "Theluthi ya saa ni dakika 20. Ni 50."

"Na mbili ya tano ya saa ni dakika ngapi?"

Akagawa 60 kwa 5, akapata 12, akazidisha kwa 2. "Ni 24." Akatulia kidogo, kisha macho yakamtoka. "Babu! Ni chache kuliko zile 30 za mwanzo! Nimeongezewa, mbona nimepungukiwa?"

Nilitaka kulia, ndugu wasikilizaji. Maneno yale yalikuwa ya mama yangu, naye mtoto hakuwahi kumwona.

Swali hilo ndilo ninalotaka kila mtoto aondoke nalo leo. Ukijumlisha, kabla hujapeleka daftari kwa mwalimu, jiulize: jibu langu ni kubwa kuliko kila kimoja nilichoanza nacho? Ikiwa nilikuwa na nusu, nikaongezewa, nami nikapata chini ya nusu, basi kuna debe limepotea mahali. Huhitaji kanuni kuligundua hilo. Unahitaji kuamini akili yako kama mama alivyoiamini yake mbele ya kalamu ya karani.

Tusidhani kwamba elimu hii imetoka mbali ikatukuta hatuna kitu. Wazee wetu wa pwani walipima nafaka kwa pishi, kisaga na kibaba. Pishi moja ni vibaba vinne, na kisaga ni vibaba viwili, yaani kisaga ni nusu ya pishi na kibaba ni robo yake. Mwanamke aliyechota kisaga cha mchele na kibaba juu yake alijua ana vibaba vitatu. Ameshajumlisha nusu na robo, akapata robo tatu, kwa kuigeuza nusu iwe robo mbili. Ndiyo maana wakasema haba na haba hujaza kibaba. Na sarafu ya senti 50 tuliyoiita sumni au thumuni, jina lake maana yake ni sehemu moja ya nane.

Mashekhe wanaofundisha mirathi nao hawawezi kupiga hatua bila hesabu hii. Tuseme mtu amefariki, ameacha mke, baba, mama na mtoto wa kiume. Katika sheria ya Kiislamu mke hupata thumuni, 1/8. Baba hupata sudusi, 1/6. Mama naye 1/6. Kinachobaki ni cha mtoto. Nane na sita zinakutana kwenye 24. Basi mke ana 3, baba 4, mama 4, jumla 11, na mtoto anabakiwa na 13 katika 24. Na hiyo 24 wanazuoni wanaiita kwa Kiarabu asili ya masala, yaani asili ya jambo lenyewe. Neno ni lile lile tunaloliandika ubaoni. Al-Khwarizmi, bingwa wa hesabu wa Baghdad katika karne ya 9, aliandika kitabu cha aljebra ambacho sehemu yake kubwa ni maswali ya wasia na mirathi. Anayeweka asili ya uongo hapo hakosi alama ya mtihani tu, anamdhulumu mjane.

Na hapa hapa Afrika, yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo, mwandishi mmoja wa Misri aitwaye Ahmes alinakili juu ya karatasi ya mafunjo maswali ya hesabu yaliyokuwa ya zamani zaidi. Karatasi hiyo imehifadhiwa London, katika British Museum. Moja ya maswali yake ni kugawa mikate 6 kwa watu 10. Jibu lake ni kwamba kila mtu apate nusu na sehemu moja ya kumi. Tazama busara yake: mikate 5 inakatwa nusu, watu 10 wanapata nusu nusu, na mkate wa sita unakatwa vipande 10. Kila mtu anashika vipande vilivyo sawa na vya mwenzake kwa macho, hakuna wa kulalamika. Nasi tukijumlisha nusu na moja ya kumi, tunapata 5/10 + 1/10, yaani 6/10. Sawa kabisa. Basi tangu zama hizo hesabu hii ilikuwa hesabu ya haki kati ya mtu na mtu.

Kwa nini nasema haya sasa, wakati kila mtu ana simu yenye kikokotoo? Kwa sababu simu itakupa jibu lakini haitakuambia kama umeuliza swali lililo sawa. Karani wetu naye angekuwa na simu, angeingiza mbili gawa kwa saba, na simu ingempa jibu bila aibu. Tena kuna jambo la lugha. Katika shule zetu nyingi za msingi, tangu mwishoni mwa miaka ya 1960, hesabu hufundishwa kwa Kiswahili. Mtoto akienda sekondari, lugha inabadilika kuwa Kiingereza. Asili inapata jina jipya, kiasi kinapata jina jipya, na herufi KDS hazipo tena. Aliyekariri wimbo anafika pale akiwa mikono mitupu, maana wimbo wake hauimbwi huko. Lakini aliyeiona mikeka na mafungu, hata umwite kwa lugha gani, mafungu anayo.

Basi kwenu walimu wenzangu. Najua madarasa yamejaa, najua chaki haitoshi. Lakini kabla ya kuandika KDS ubaoni, kata kitu. Kata karatasi, kata mua, chora saa. Na mtoto akiandika 2/5, usimpige alama ya kosa ukapita. Mwulize amefikaje. Huenda ana penalti zake kichwani, nazo ni kweli. Mwonyeshe mahali zinapofaa na mahali zisipofaa.

Kwenu wazazi ambao hamkusoma, au mlisoma mkasahau. Msiseme mbele ya mtoto, "Hesabu za siku hizi siziwezi." Mnaziweza. Kila jioni mnagawa mboga kwa watu wasiolingana kwa umri wala njaa. Mwite mtoto jikoni, mwambie apime nusu kikombe cha unga na robo kikombe tena, akuambie jumla. Mwulize dazani ya mayai. Hilo ni darasa.

Nanyi watoto mnaonisikiliza, anayesema "kwa nini" si mkaidi. Ulizeni kwa adabu, lakini ulizeni.

Mjukuu wangu aliyarudia maswali yake yote kumi jioni ile ile. Alikosa mawili, kwa haraka ya kuzidisha. Hayo mawili tuliyatafuta pamoja. Nami nimekuwa nikimfikiri yule kijana wa dawati la nyuma. Leo ni mtu mzima, pengine ana watoto. Kama ananisikia, namwomba radhi. Swali lako lilikuwa jema, mwanangu, na jibu lake ni hili: za chini hatuzijumlishi kwa sababu ni majina ya vipande, na vipande vyenye majina mbalimbali lazima kwanza vikatwe viwe vya namna moja.

Nimechelewa kukujibu. Kwaherini hadi juma lijalo.